Ghorofa Yenye Uzito wa Bati

Jamani, nikisimulia hili msinitazame usoni, maana mpaka leo nikipita Levolosi navuka upande wa pili wa barabara kama mtu anayekwepa mbwa.

Enzi hizo kompyuta ndiyo kwanza zinaingia maofisini Arusha, na mimi na cheti changu cha masomo ya jioni (wino haujakauka) ndimi pekee katika ofisi yetu ya wahandisi niliyejua ile programu ya kupima kama jengo litahimili tetemeko, basi nilitembea kama vile mlima Meru niliuchora mimi.

Akaja Mzee Shabani, ambaye tulimchorea jengo la ghorofa tatu kule Levolosi. Lilikuwa limeshasimama, limefunikwa bati kwa muda, nondo za nguzo zimeachwa zimechomoza juu kama afanyavyo kila mtu hapa mjini, kwamba Mungu akijalia ataongeza. Mungu kajalia: mama yake alikuwa tayari kuuza shamba lake la Terrat ajengewe ghorofa ya nne, azeekee karibu na wajukuu.

"Nguzo zitabeba?" akaniuliza.

Badala ya kuichora ghorofa hiyo upya, nikanakili tabaka la juu kabisa la mchoro wa zamani, nikalibadilisha jina, nikabonyeza. Skrini ikawa kijani tupu, yaani salama.

"Zitabeba hata tembo, mzee wangu."

Bibi huyo akauza shamba.

Siku ya kuanza ujenzi nikaialika familia nzima ofisini ione jengo lake likicheza kwenye skrini (hakuna aliyeniomba). Bibi alivaa kanga mpya. Jengo likayumba taratibu, watoto wakapiga makofi, nami nikaeleza mpaka nisiyoyajua, hadi bosi wangu, aliyesimama mlangoni na kikombe chake cha chai, akasema, "Hebu tuonyeshe uzito wa kila ghorofa."

Jedwali hilo sikuwahi kulifungua. Nikalifungua mbele ya wote. Ya kwanza sawa, ya pili sawa, ya tatu sawa. Ya nne, pamoja na kuta zake, matangi ya maji na bibi mwenyewe, ilikuwa na uzito wa mabati na mbao zake, basi: nilichonakili kilikuwa paa.

"Kijana," bosi akasema polepole, "huyu mama umempangia alale juu ya bati?"

Watoto wakacheka. Bibi hakucheka. Nikaingiza uzito halisi, na nguzo za chini zote zikageuka nyekundu.

"Sasa mjukuu wangu," bibi akaniuliza, "shamba watanirudishia?"

Shambani kwake mtu mwingine alikuwa ameshapanda mahindi.

Bibi akaishia kwenye chumba kilichokuwa stoo, ghorofa ya chini, na nondo bado ziko kule juu, zimeshika kutu. Nikimwamkia shikamoo huitikia marahaba vizuri tu, na marahaba hiyo ndiyo inayonivusha barabara.

Siku hizi sibonyezi kitu kabla sijasoma uzito wa kila ghorofa, kutoka juu kushuka chini, na mtu akiniuliza kama nguzo zitabeba, namjibu, "Nipe muda niangalie." Maneno hayo tu ningeyasema siku ile, bibi angekuwa na shamba lake.