Siku Paka wa Depo Alipokunywa Maji

Mama alifika kwangu Bunia nyuma ya pikipiki, amebanwa kati ya dereva na mwanamke asiyemjua, bila mzigo wowote isipokuwa kopo la plastiki ambalo hata yeye hakukumbuka kwa nini alilishika. Kijiji chetu, upande wa Bule, kilikuwa kimechomwa asubuhi ya siku iliyotangulia. Nilimwuliza kuhusu kaka yangu, akasema walipotezana njiani. Nilimwuliza kuhusu nyumba, akalitazama lile kopo. Kaka yangu hatujamwona hadi leo.

Mimi ni fundi wa kushona. Nina chumba cha kulala na chumba cha cherehani, na nyuma kuna uwanja mdogo unaopakana na depo ya zamani ya kahawa. Mabati ya depo hiyo yalichukuliwa zamani, zikabaki kuta na majani marefu. Mama alichagua kukaa huko nyuma. Kila asubuhi alitoa kiti chake, akakielekeza kwenye depo, akatulia hapo mpaka jua lilipomfukuza. Sikumlazimisha kuzungumza. Majuma matatu ya kwanza maneno yake yalikuwa ndiyo, hapana, baridi, asante. Hiyo asante ndiyo iliyoniumiza kuliko yote, maana aliitoa kama mgeni.

Maneno yake ya kwanza marefu aliyasema juu ya paka.

“Ule paka iko na mimba,” aliniambia.

Alikuwa paka wa kijivu mwenye sikio lililochanika. Hakuwa wa mtu. Depo ile ilikuwa na paka waliozaliwa humo humo, vitukuu vya paka walioachwa na watu waliokimbia vita vya zamani, na mkono wa binadamu hawakuujua kabisa. Ukipiga hatua moja kuelekea ukutani, unaona majani yanatikisika, basi.

Nilifurahi kwamba mama amesema kitu. Nilikimbia ndani, nikamimina maziwa kwenye kisahani.

“Ya nini?” mama akauliza.

“Ya paka, mama. Si umesema iko na mimba?”

“Usimupatie. Utamufundisha kungojea. Ule anajua kutafuta. Ukimuzoesha mukono yako, siku mukono itakosekana atakaa hapa kungojea mpaka afe.”

Alisema hivyo akitazama upande wa pili wa njia ipitayo kando ya uwanja, ambako watu wa kwetu walikuwa wamejipanga kwa foleni ya unga tangu alfajiri. Nikarudisha maziwa ndani.

Tangu siku hiyo alianza kunionyesha. Paka alipanda ukutani na panya mdomoni, akamweka chini ya mche wa mpapai, akaanza kumla kichwani. Tulisikia mifupa ikivunjika. Hakuacha kitu isipokuwa kifuko kidogo cha kijani cha nyongo na kipande cha utumbo. Siku nyingine alikuja na mjusi, siku nyingine ndege. Panzi aliwala hapo hapo alipowakamata, na baadaye tukamwona anatafuna majani kama mbuzi, kisha anatapika manyoya.

Chini ya mdomo wa bati la nyumba yangu palikuwa na beseni la kukinga mvua. Kilikuwa kiangazi, vumbi jekundu la barabarani lilitanda juu ya maji yale, na kila asubuhi lilikuwa limetanda vile vile, halijaguswa.

“Anakunywa wapi?” niliuliza.

“Hakunywake,” mama akasema. “Maji yake iko ndani ya panya. Nyama ile mubichi yote ni maji. Paka wangu wa gala, kule kwetu, hakuna mutu alimuwekeaka maji hata siku moja.”

Kwa njia hiyo nilianza kusikia habari za nyumbani. Akitaja paka wa gala, alilazimika kutaja gala. Akitaja gala, alitaja maharagwe yaliyokuwa yamevunwa juma lile. Nikajua kwamba yaliungua yote, kwamba moshi wake ulinukia chakula, na kwamba wakiwa wamejificha mtoni watoto waliusikia wakaanza kulia njaa. Hakunisimulia hayo hata mara moja kama habari ya vita. Alinisimulia habari za paka.

Kisha panya wakazidi. Viwanja vyote vya jirani vilikuwa vimejaa waliokimbia, familia nne kwenye nafasi ya moja, maturubai kila mahali, taka bila pa kuzitupa. Paka wa depo alishiba, lakini hakuweza kuwamaliza. Waliingia chumba cha cherehani na kutafuna sare za kwaya ya parokia, mashati kumi na moja ambayo nilikuwa nimebakiza kuyatia vifungo tu. Nilikaa sakafuni na zile nguo zenye matundu, nikalia kwa hasira ambayo najua haikuwa ya nguo.

Nilienda sokoni. Muuzaji wa dawa ya panya aliniwekea pakiti mkononi.

“Hii ni muzuri sana, mama,” akasema. “Panya hatakufia ndani ya nyumba akunukie. Inamupatia kiu. Atatoka inje kutafuta maji, atakufia kule kule.”

Nilifurahi kusikia hivyo. Nilichanganya dawa na unga na vumbi la ndakala, vile vidagaa vikavu, nikaweka chini ya meza ya cherehani na nyuma ya magunia. Mama sikumwambia. Nilijua angesema nini.

Siku ya tatu panya walianza kutoka mchana. Mama alikuwa kwenye kiti chake, mimi ndani, mlango wazi.

“Ajabu,” akasema kwa sauti. “Leo panya hakukimbia. Paka amemukamata kama anaokota kitu.”

Nilisikia. Nikaendelea kukanyaga cherehani. Ningeweza kutoka, nikapiga kelele, nikarusha jiwe, paka angemwacha panya yule. Nilijiambia kwamba panya mmoja si kitu. Kesho yake alikamata wawili, na nikajiambia hivyo hivyo.

Baadaye akaacha kuonekana. Mama alisema amekwenda kuzaa, na kweli tumbo lilikuwa limeshuka. Siku moja, saa sita mchana, nilisikia mama ananiita kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia tangu afike.

“Kuya hapa! Kuya uone! Anakunywa!”

Paka alikuwa kwenye beseni. Alikuwa amelala kifudifudi ukingoni, kidevu ndani ya maji, na ulimi ulikwenda na kurudi bila kupumzika. Alikunywa, akasimama, akayumba, akarudi kunywa. Mama alikuwa hatua mbili tu kutoka kwake, na paka hakukimbia. Puani alikuwa na damu.

Mama alinigeukia. “Weye umeweka nini?”

“Sijaweka kitu.”

“Nakuuliza. Umeweka nini?”

“Sijaweka kitu, mama.”

Nilijifunga kitenge, nikaenda mbio hadi kwenye duka la dawa za mifugo. Mwenye duka alinisikiliza mpaka mwisho, bila kunicheka.

“Iko na sindano yake,” akasema, “lakini hapa haipatikane, mama. Hata dawa za watu tunakosaka. Ni paka wa nani?”

“Ni wa mama yangu, papa.”

“Basi umwambie pole.”

Niliporudi mama alikuwa amekaa chini, kwenye matope ya beseni. Mkono wake ulikuwa juu ya mgongo wa paka. Mnyama ambaye hajawahi kuguswa na mtu alikuwa amekubali kuguswa, kwa kuwa hakuwa na nguvu ya kukataa. Mama alibaki hivyo mpaka mgongo ulipoacha kupanda na kushuka.

Siku hiyo hiyo tukaanza kusikia sauti ndani ya depo. Niliruka ukuta. Walikuwa watoto wake watatu, chini ya mlango uliooza, macho yao bado yamefungwa. Niliwaleta kwenye kikapu cha vitambaa, nikachovya pamba kwenye maziwa ya ng'ombe, nikawakamulia midomoni. Wa kwanza alikufa kesho yake, wa pili siku iliyofuata. Maziwa yaliwaharisha. Mama hakusogea kusaidia. Alinitazama tu, na usiku mmoja akasema, “Hawa wanataka mama yao,” akaenda kulala.

Wa tatu nilimzika chini ya mpapai siku ya tano. Mama alikuja akasimama pembeni. Nikaona siwezi tena kuficha.

“Mama, nilitega dawa ya panya.”

“Najua. Nilijua siku ile ile.”

“Sasa mbona hukusema kitu?”

“Nilikuuliza,” akasema. “Nilikuuliza mara mbili.”

Alikwangua udongo kwenye kucha ya kidole gumba, halafu akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayezungumzia mvua:

“Siku tatu mbele ya kijiji kuchomwa, siye tulienda kwa jirani zetu. Watu tunakula nao. Tuliuliza, iko kitu gani, mbona mnatuangalia hivi? Wakasema, hakuna kitu. Kaka yako ndiye aliuliza.”

Kisha akaingia ndani.

Hakunigombeza, wala siku hiyo wala baadaye. Ila kesho yake nilipomwekea bugali na sombe ya majani ya muhogo, alisema hana njaa. Jioni alisema vile vile. Siku ya pili nilimkuta mekoni amejichomea kiazi kitamu, anakimenya mwenyewe. Ilinichukua juma zima kuelewa. Mama alikuwa ameacha kula chakula ambacho hakuniona nikikipika. Nikipika mbele ya macho yake, anakula kidogo. Nikimletea sahani iliyofunikwa, ananishukuru na kuiacha. Hata maji anajimiminia mwenyewe kutoka kwenye bidoni, na anatazama ndani ya kikombe kabla hajakipeleka mdomoni.

Sikumwuliza. Ningemwuliza nini? Angenijibu kwamba hakuna kitu.

Sasa nimehamishia jiko nje, mbele ya kiti chake. Naosha sombe akiona, natwanga akiona, natia chumvi akiona. Chakula kikiiva napakua sahani moja tu, nakata tonge la kwanza, nalila mimi. Anangoja nimeze. Halafu ananyoosha mkono. Tunakula hivyo, mimi na mama yangu aliyenizaa, bila kuangaliana, na tukimaliza ananiambia asante.