Kura Tatu Juu ya Mkokoteni

Juzi nilikuwa kwenye foleni ya kura hapa Molo, baridi ikitutafuna masikio, kijana mmoja nyuma yangu akaniuliza, "Mathe, si urudi nyumbani ulale? Kura moja itabadilisha nini?" Nilicheka mpaka akadhani nimerukwa na akili. Hebu nikueleze kilichonichekesha.

Nilikuwa msichana wa darasa la tatu. Mkoloni alikuwa bado yupo, na Waafrika ndio kwanza wameruhusiwa kupiga kura, tena si wote, na si sawa! Mwenye kisomo na mshahara mzuri alipewa kura mbili, hata tatu. Kijijini kwetu mwenye tatu alikuwa mmoja tu, mwalimu wetu. Basi mjumbe wa sehemu yetu akajiuzulu, ukaitishwa uchaguzi mdogo, na wagombea wawili wakakabana koo. Nyanya alikuwa na kura moja, na alimtaka mgombea aliyeungwa mkono na mwalimu. Jirani yetu mbeba maziwa naye alikuwa na moja, ya yule mwingine. Kila asubuhi walirushiana maneno juu ya ua, halafu Nyanya akampa viazi vya moto ale njiani.

Siku ya kura, baada ya mvua ya usiku kucha, mwalimu aliteleza mlangoni pake, mguu ukateguka na kufura. Mjini ni mbali, kituo kinafungwa jioni, na mkokoteni wa punda ulikuwa mmoja tu, wa jirani. Salaale! Nyanya akajifunga leso kiunoni akaenda kumwomba. Nilijua tumekwisha. Jirani alimsikiliza, akatema mate, akaanza kushusha mikebe ya maziwa.

"Ndiye aliyemfundisha mwanangu kusoma," alisema. "Lakini nitamhubiria njia nzima."

Na akamhubiria kweli! Mwalimu alimjibu neno moja tu, "Endesha, bwana." Sisi watoto tulikimbia nyuma tukiimba, na Nyanya akipaza sauti, "Polepole na mashimo, mmebeba kura tatu!" Darajani gurudumu likazama topeni. Tukasukuma, wapi! Jua lilikuwa linashuka. Jirani angesema amejaribu, nani angemlaumu? Badala yake alivua koti lake la pekee, lile zito alilorudi nalo kutoka vitani, akalitandika chini ya gurudumu. Mkokoteni ukatoka. Tulipiga vigelegele mpaka punda akashtuka.

Tulifika karani akiwa ameshika mlango aufunge.

Mtu wetu alishinda kwa tofauti ya kura mbili. Hata mimi wa darasa la tatu niliweza kupiga hesabu hiyo, sembuse jirani. Asubuhi alisimama kwenye ua, uso umemshuka. "Nimejishinda kwa punda wangu mwenyewe," alisema. Kisha akaomba viazi vyake.

Siku hizi barabara ni lami, na kila mtu ana kura yake moja, nami nashukuru. Lakini katika Molo hii hii nimeona majirani wakihama na magodoro kichwani kwa sababu ya fujo za uchaguzi, nikalia, nikalikumbuka koti lile. Nyanya alilifua mara tatu, doa la matope likakataa kutoka. Jirani alilivaa hivyo hivyo hadi uzeeni, na aliyemuuliza kuhusu doa alijibiwa kwa majivuno, "Hapo alipita mwalimu."