Beki Aliyecheza Mwizi

Kwenye timu walimwita Kufuli, kwa sababu winga akifika upande wake wa kulia, njia imefungwa. Alikuwa mfupi, kifua kipana, na uso ambao hata akifurahi ulionekana umenuna.

Uso huo ndio uliompeleka kwenye televisheni. Mwongozaji wa tamthilia alimwona kwenye marudio ya mechi akibishana na mwamuzi, akampigia simu.

"Ndugu yangu, nakutaka ucheze mwizi."

Kufuli alicheka mpaka akakaa chini. Lakini ligi ilikuwa mapumzikoni, akakubali. Maneno yake aliyakariri nyumbani, mama yake, fundi cherehani, akimsomea sehemu ya polisi bila kuacha kushona.

"Simama hapo hapo, baba."

"Mama, polisi hamwiti mwizi baba."

"Mimi polisi mwenye adabu. Endelea."

Tamthilia ikashika moto. Akiingia benki, watu wanakumbatia mikoba yao, kisha wanaomba kupiga naye picha. Ligi iliporudi, mashabiki wa ugenini wakapata la kuimba: kila alipogusa mpira, "Mwizi! Mwizi!" Mechi ya kwanza hasira zilimpanda, akamkwatua mtu ndani ya boksi. Penalti. Wakafungwa.

"Wewe ni mchezaji au mwigizaji?" kocha alimuuliza mbele ya wenzake.

"Vyote, kocha."

"Basi kaa benchi uigize mchezaji."

Alikaa mechi tano. Ilimuuma, usingizi ukampaa. Akamwomba mwongozaji warekodi Jumatatu tu, siku ya mapumziko. Siku nyingine zote yeye ndiye aliyefika wa kwanza mazoezini na kuondoka wa mwisho. Mechi ya sita kocha akabandika jina lake kwenye kikosi, na halikutoka tena.

Wakafika fainali ya kombe. Dakika ya themanini na nane, sare ya bao moja kwa moja, upande wa pili umesimama ukiimba wimbo wao wa mwizi. Safari hii Kufuli aliusikia kama anavyosikia mvua juu ya bati. Mshambuliaji wao akauvuta mpira, akainua macho kutafuta mwenzake. Aliposhusha macho, mpira haupo. Kufuli alishaondoka nao. Akapita mmoja, akapita wa pili. Kila mtu alingoja krosi, maana misimu saba hakuwahi kufunga hata goli la kuotea. Akapiga. Nyavu zikatikisika.

Mashabiki wake mwenyewe wakalipuka: "Mwizi! Mwizi wetu!"

Filimbi ya mwisho ilipolia, kombe likiwa lao, mtangazaji alimwekea kipaza sauti. Mtu aliyekariri kurasa nzima akakosa neno hata moja. Alilia na kucheka kwa pamoja, huku kocha amemning'inia shingoni.

Msimu uliofuata alivaa kitambaa cha nahodha. Na kwenye tamthilia, watazamaji walipiga simu kituoni bila kuchoka, mpaka waandishi wakamtoa mwizi wake jela na kumpa mke.