Jicho la Kushoto

Wiki ile yote niliogopa neno moja tu, na neno lenyewe ni baba.

Baba mwenyewe alinipata kwa zizi la mbuzi nikifunga mlango, akaniambia bila kuniangalia kwamba Jumamosi kuna mtu anakuja kutoka Nairobi, na mtu huyo akiwa kwetu, yeye nisimwite baba.

"Utaniita kaka. Wewe ni dada yangu mdogo, tumeelewana?"

"Ndiyo, baba."

"Unaona sasa?" akasema, akacheka. Mimi sikucheka.

Sababu ilikuwa pasipoti. Kwenye pasipoti baba alikuwa na miaka ishirini na saba. Mimi nilikuwa na kumi na tano, niko kidato cha pili. Hesabu si somo langu, lakini hiyo hata ndugu yangu wa darasa la tatu angeitoa. Huyo mtu wa Nairobi alikuwa ajenti, anatafutia timu moja ya Uarabuni straika, na huko walitaka kijana.

Baba alikuwa straika tangu kabla sijazaliwa. Alianzia uwanja wa soko hapa Mukuyuni, akachukuliwa Mombasa, kisha Nairobi, kisha Tanzania, Zambia, na mwisho huko huko Uarabuni. Watu walimjua kwa mabao. Mimi nilimjua kwa mizigo. Zambia ilikuwa sahani ya shaba iliyotundikwa ukutani. Uarabuni ilikuwa blanketi lenye picha ya chui, zito mpaka hakuna mtu angeweza kulala nalo Ukambani. Kila akirudi, kuku alichinjwa kama wa mgeni, nami nilijificha jikoni kwa aibu mpaka mama anivute mkono nikamsalimie.

Safari hii ya mwisho hakuja na kitu cha kutundika. Alikuja na mkoba mmoja na kovu dogo juu ya jicho la kushoto, na hakusema anarudi lini.

Nilijua habari ya jicho kabla ya mtu mwingine nyumbani, ama ndivyo nilivyodhani. Baba alikuwa akifanya mazoezi kwenye mto, maana mto wetu ukikauka unabaki mchanga mtupu, na mchanga unakaza miguu. Mimi nililisha mbuzi pale ukingoni. Siku moja aliniita nimtupie mpira. Nikatupa kutoka kulia, akapiga kichwa vizuri sana. Nikatupa kutoka kushoto, ukampiga sikio. Nilidhani anacheza. Nikatupa tena, ukampita mbele ya uso na hata hakupepesa.

Alikaa chini kwa mchanga. Akaniambia ni kiwiko cha beki mmoja, na daktari wa huko alisema jicho hilo limekwisha, na kwamba akipata pigo lingine baya upande wa pili atakuwa kipofu kabisa. Alisema hayo yote kwa sauti ya kuniambia kesho ni soko. Halafu akasema, "Mama yako asijue."

Tangu hapo sikulala vizuri. Nilikuwa nikimwona baba akiongozwa kwa fimbo, na anayeshika ile fimbo ni mimi.

Tukaanza na mluzi. Mimi nachunga kwa mluzi kwa sababu ndugu zangu ni wadogo, ingawa nyanya alikuwa akinigombeza, eti msichana akipiga mluzi anaita nyoka. Mpira ukitoka kushoto nilipiga mmoja mrefu. Mtu akimjia kushoto nilipiga miwili mifupi, ile ya kugeuza mbuzi wasiingie shamba la mtu. Baba alijifunza haraka kuliko mbuzi. Baada ya siku chache ungeapa anaona pande zote. Alifurahi, akanirusha juu kama mtoto mdogo. Mimi nikawa na hofu mbili: asipochukuliwa tutakula nini, na akichukuliwa, huko nani atampigia mluzi?

Jumamosi ikafika. Timu ya soko letu ilicheza na Kibwezi, na uwanja ulijaa mpaka juu ya miti. Nilisimama nyuma ya goli la Kibwezi, mahali ambapo kwa kawaida nisingesimama hata nikilipwa, maana watu wote wanakuona. Ajenti alikuja akasimama hapo hapo karibu nami, mwanaume mnene, miwani nyeusi, anamenya chungwa.

"Wewe ni nani wake?" akauliza.

"Dada," nikasema. Sauti ilitoka nusu.

Kando yetu alisimama mwenye duka la mbolea, kichwa chake hakina hata unywele mmoja. Akaingilia kwa furaha. "Huyo straika? Huyo tulitahiriwa pamoja!"

Ajenti akaacha kumenya chungwa. Akakitazama kile kichwa. "Na wewe mzee una miaka mingapi?"

"Sijui, lakini nina wajukuu wanne." Hapo ndipo aliponiona mimi, nafikiri uso wangu ulikuwa umekauka, maana aliongeza mbio mbio, "Lakini yeye alikuwa mdogo sana. Alibebwa."

Watu walicheka. Ajenti naye akacheka, akaendelea na chungwa lake.

Mpira wa kwanza kutoka kushoto ulikuwa kona. Midomo yangu ilikuwa mikavu, ikabidi niilambe. Nikapiga mluzi mmoja mrefu. Baba akageuza shingo, akaruka, goli. Uwanja ukalipuka. Mama mmoja wa kwaya akasema nyuma yangu, "Ni msichana wa nani huyo anapiga mluzi kama mchungaji wa ng'ombe?" Mwenzake akamjibu, "Si unamjua? Ni mtoto wa..." na mimi nikapiga mwingine kwa nguvu, bila sababu yoyote, ili jina lisisikike. Baba akageukia kushoto, hapakuwa na kitu. Vijana wa Kibwezi wakamzomea: "Straika wa ng'ambo anatafuta ndege!"

Karibu na mwisho beki wao mrefu alimjia kwa kushoto, kiwiko kimeinuliwa, kiko sawa kabisa na uso. Nikapiga miwili mifupi. Sijui nilipata wapi pumzi. Baba aliinama, kiwiko kikapita juu ya nywele, mpira ukabaki miguuni mwake, akaumalizia kwenye nyavu. Watu walimbeba. Ajenti akapangusa mikono kwa kitambaa, akaniambia, "Kaka yako anaondoka Jumatatu."

Nilienda nyuma ya choo cha soko nikatapika.

Baba na ajenti wakaja nyumbani kunywa chai na kupatana. Hapa lazima niseme kitu kuhusu meza yetu. Tangu baba arudi, mama alikuwa amesogeza kiti cha baba hadi kona, ukuta ukawa kushoto kwake, na kila alichopewa kikatoka kulia. Nilifikiri ni kwa ajili ya jua la dirishani. Jumamosi hiyo kiti kilikuwa katikati ya chumba.

Mama alimkaribisha mgeni kwa heshima, akamwekea chai na mihogo. Kisha akazunguka nyuma ya baba na kuweka kikombe chake mezani, upande wa kushoto. Alikiweka polepole, kisha akasimama mlangoni, mikono ndani ya leso aliyojifunga.

Baba alikuwa akieleza lile goli la pili. Mkono wake wa kulia ukaenda mezani kutafuta kikombe. Haukupata. Ukapapasa tena, ukagusa sufuria ya mihogo, ukarudi.

"Chai yangu iko njiani?" akauliza huku akitabasamu.

Mimi nilikuwa nimekaa karibu. Ningekisukuma kile kikombe kwa kidole kimoja tu. Nikamwangalia mama. Hakuwa akiniangalia mimi wala mgeni, alimwangalia baba, na uso wake ulikuwa wa mtu anayesubiri sindano. Nikakalia mikono yangu.

Baba akageuka kumwita mama, kiwiko kikagonga kikombe, chai yote ikamwagikia suruali ya ajenti.

Ajenti alivua miwani yake. Akainua mkono polepole upande wa kushoto wa uso wa baba, akanyoosha vidole vitatu.

"Ni vingapi?"

Baba akasema, "Usinifanyie hivyo mbele ya watoto wangu."

Ajenti akanitazama, akamtazama mama, akatazama suruali yake. "Watoto," akasema.

"Binti yangu," baba akaniambia, "lete kitambaa."

"Ndiyo, baba."

Ajenti alijifuta, akamaliza mhogo wake, akampa baba mkono, na kwa ule mkono wa pili akamshika bega muda mrefu. Hakugomba. Tulisikia gari likishuka kuelekea barabara ya kwenda mjini Wote, kisha hatukulisikia tena.

Nilingoja baba apige meza. Hakupiga. Akamuuliza mama, "Ulijua lini?"

"Siku ile uliyofika. Nilisimama langoni upande wa kushoto, ukanipita. Nikadhani umenikasirikia." Mama akaanza kulia hapo, si kabla. "Heri njaa," akasema. "Njaa naijua."

Kuku wakaingia kulala. Baba akavua viatu vya mpira, akavigonganisha mchanga utoke, akaviweka chini ya kiti.

"Kesho tukitoka kanisani," akasema, "mbuzi nitaenda nao mimi."

Njia ya kwenda mtoni ina korongo, na hilo korongo liko kushoto.

"Tutaenda wote," nikamwambia.

"Kwa nini? Sijui kuchunga?"

"Mbuzi hawakujui, baba."