Siku Sesilia Alipofungua Mkanda

Mwanangu, kuna siku moja naikumbuka kana kwamba vumbi lake halijatulia. Nilikuwa muuguzi kijana katika kituo cha afya cha kijiji kimoja upande wa Mwamapalala, miaka ile watu walipohamishiwa kwenye vijiji vya ujamaa. Siku hiyo nilimwona mtu akikataa cheo mbele ya wakubwa na wananchi. Mpaka nywele zimekuwa nyeupe, sijaona tena jambo kama lile.

Ngoja nianzie mbali kidogo. Muuguzi wa siku nyingi kuliko wote pale kituoni aliitwa Mama Milembe. Watoto wengi wa maeneo yale walizaliwa mikononi mwake. Aliomba likizo ya kujifungua kitindamimba wake, akapewa, na aliporudi akaambiwa kazi yake ilikatika, kwa hiyo atahesabiwa kama mwajiriwa mpya. Ndivyo Sesilia, binti aliyefundishwa kazi na Milembe mwenyewe, alivyogeuka kuwa mkubwa wake na kuvishwa, kwa kukaimu, mkanda mwekundu wa kiongozi wa wauguzi.

Milembe akapeleka malalamiko kwenye baraza la kazi, kule Shinyanga. Baraza likamsikiliza, likaamuru miaka yake ya nyuma ihesabiwe na ukubwa wake kazini urudishwe. Tukafurahi, tukidhani yamekwisha. Kumbe serikali iliyotoa amri na serikali ya kuitekeleza zilikuwa hazijuani. Kila alipokwenda kuuliza wilayani, jibu lilikuwa wanasubiri maelekezo kutoka juu. Pamba ikapandwa, ikavunwa, ikapandwa tena, miaka ikapita. Siku zake za kustaafu zikawa zinakaribia, na akistaafu hivyohivyo, amri ile ingebaki maneno tu.

Nilimuuliza, "Mama, kwa nini usiwafokee?"

"Nikiwafokea watajadili mdomo wangu, waache kujadili haki yangu," akasema. "Na nikinyamaza watasema nimeridhika. Nitakwenda tena, nitawasalimia, nitauliza."

Na kazini alimtii Sesilia bila kinyongo. Sesilia alikuwa akitoa maagizo huku ameangalia chini.

Basi ikafika siku hiyo ninayokusimulia. Mkubwa kutoka wilayani alikuja kumthibitisha Sesilia katika cheo kile moja kwa moja. Wanakijiji walijaa nje ya kituo. Yule mkubwa akahutubia, akamsifu, kisha akamwita mbele.

Sesilia alisimama. Akafungua mkanda taratibu, akaukunja, akauweka mezani.

"Ndugu mkubwa, nisamehe," akasema. "Baraza lilishasema nani mkubwa hapa. Nikikubali leo, na mimi nitakuwa nimekataa amri hiyo."

"Mambo hayo yako ngazi za juu," akajibu yule bwana. "Wewe pokea kazi."

"Basi wakati ngazi za juu zinafikiri, nitasubiri nikiwa chini ya Mama Milembe."

Mzee aliyekaa karibu nami alivua kofia yake kama yuko kanisani. Nilimwangalia Milembe, alikuwa amejifunika uso kwa khanga.

Sesilia alilipia ujasiri ule. Alihamishiwa Mwamanyili, mbali na watu wake, kama muuguzi wa kawaida. Lakini habari ilikwishaenea vijijini, na waliokuwa wakisubiri maelekezo hawakuwa tena na muuguzi ambaye angekubali kukalishwa kwenye kile kiti. Baada ya msimu mwingine wa pamba, amri ikatekelezwa. Milembe alivishwa mkanda akiwa amebakiza muda mfupi sana kazini.

Siku yake ya kwanza ya mapumziko baada ya kuvishwa, aliniambia nimsindikize Mwamanyili. Tulimkuta Sesilia uani akianua nguo. Kwetu Usukumani, mdogo ndiye humpigia magoti mkubwa. Milembe, na umri wake ule, akapiga magoti kwenye mchanga, akamsalimu, "Mwangaluka, mayu." Ndiyo salamu yetu ya asubuhi, na alimwita mama. Sesilia akadondosha nguo zote, naye akaanguka magotini, wakabaki hivyo wameshikana, wala hakuna aliyetaka kuinuka kwanza. Mimi nilisimama pale, nisijue pa kuweka macho yangu.

Sasa nisikilize kabla hujaondoka. Ukipewa haki na isikufikie, ifuate, urudi tena na tena, na ulimi wako uwe safi. Ukijikuta umekalia nafasi ambayo haki imesema ni ya mwenzako, usingoje kuinuliwa. Na ukija kuwa mkubwa wa ofisi, kumbuka kwamba miaka ya kazi ya binadamu haingoji umalize kusubiri maelekezo. Amri ya haki itekeleze mwenye haki angali kazini.

Mungu akupe moyo usiochoka kudai kilicho chako, na mikono myepesi kuachia kisicho chako. Uende salama, mwanangu, na watakaokujua wafurahi kwamba walikujua.