Ndara chini ya spika

Jamani, zile ndara kuukuu za mpira za marehemu mume wangu zimefanya kazi leo!

Mnajua sakafu yetu ya vigae hapa Mji wa Kale. Nikiwasha spika yake, besi inashuka mpaka kwa Bi Zuhura wa chini, vikombe vyake vinagongana kabatini. Ameshaapa kunishtaki kwa mwenye nyumba.

Basi leo nikazikata ndara vipande, nikaikalisha spika juu yake, nikaweka taarabu.

Punde, hodi! Bi Zuhura. Nikafungua mlango.

"Wewe mwana, usiniambie umeiuza spika ya marehemu! Mbona vikombe vimetulia?"

Nikamwingiza ndani, nikamwonyesha vile vipande vya ndara chini ya spika. Akapapasa vigae kwa kiganja, akacheka mpaka akakaa chini.

"Haya, tuwekee ule wimbo alioupenda marehemu. Na uongeze sauti!"