Fundi Asiyesikiliza ya Watu

Fundi wa simu wa sokoni Karad, India, hugusa picha ya Mungu Vithoba kabla ya kufungua simu ya mtu, kisha huvifuta vidole kwenye suruali, kimoja kimoja. Akijaribu sauti zilizorekodiwa, huimba wimbo wa dini chini chini, asije akasikia ya watu. Wateja humtania, "Wewe una siri za nusu ya mji." Naye hujibu, "Mimi najua skrubu tu." Wakiaga, huwatikisia kichwa bila kuinuka.

Siku Revati alipompelekea simu ya marehemu mumewe, iliyokuwa ikirekodi kila maongezi, fundi aliimba vivyo hivyo. Revati alitaka sauti ya mwisho, ya asubuhi ile mumewe alipompigia akianza safari ambayo hakurudi. "Haya, naja," ilisema simu. Kwao anayeondoka hasemi naenda. Husema naja, na anayebaki humjibu njoo, ili Mungu amrudishe. Lakini asubuhi ile walikuwa wamegombana juu ya sari aliyosahau kumletea, na Revati akaisikia sauti yake mwenyewe ikijibu, "Nenda."

Wimbo ukakatika. Bisibisi ikabaki hewani.

"Hiyo nikufutie, shemeji?" fundi akauliza, macho yakiwa mezani.

"Iache. Ndiyo yenye sauti yake."

Akakifuta kioo mara mbili kwa pindo la shati, akampa. Revati alipofika mlangoni akaaga kwa mazoea, "Haya, naja."

Fundi akasimama.

"Njoo, shemeji," akasema. "Njoo."